Ruhusa ya Kurudi

Shauri letu liliondolewa barazani Njombe asubuhi moja ya Julai 2021, na kabla Costa tuliyopanda haijashusha abiria stendi ya Makambako, kijijini walikwisha kujua kwamba tumeshindwa. Aliyepiga simu hatukumjua. Huenda ni mmoja wa wale waliokaa benchi la nyuma wakiwa wamevuta kola za makoti hadi masikioni, maana Njombe ya Julai haimruhusu mtu kukaa nje bila sababu, na barazani angalau kuna ukuta wa kuzuia upepo. Jirani wa kwanza tuliyekutana naye alitupa "Kamwene" ya polepole, ya watu wanaotoka kuzika.

Baba mdogo aliitikia, akapita. Njia nzima, kama kilomita 60 za milima na mashamba ya miti, alikuwa ameniuliza swali lile lile: "Mwalimu, niambie kwa Kiswahili cha kawaida. Tumeshinda au tumeshindwa?" Nami nilikuwa nimemjibu kwamba hakuna aliyeshinda na hakuna aliyeshindwa, jibu ambalo mzee aliyeuza viazi vya msimu mzima ili kumlipa wakili hawezi kulipokea kwa furaha. Heri angeshindwa. Aliyeshindwa hukata rufaa, na rufaa kila mtu anaijua.

Kisa chenyewe ni cha shamba. Miaka ile ya kuelekea 2010, ardhi ya nyanda hizi ilianza kutazamwa kwa macho mapya. Watu wa Dar es Salaam, na hata watumishi wa hapa hapa, waligundua kwamba paina na milingoti huota Njombe bila kubembelezwa, na kwamba mbao haiozi sokoni kama nyanya. Vijiji vikapata wageni wenye magari. Januari 2010 halmashauri ya kijiji chetu (sitakitaja, bado tunazikana) ilimpimia mgeni mmoja kipande cha bonde ambacho babu alikilima ulezi, baba akakilima mahindi, na baba mdogo alikuwa amekiacha kipumzike. Shamba lililopumzika, machoni pa mwenye haraka, ni pori. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inasema halmashauri ya kijiji haiwezi kugawa ardhi bila mkutano mkuu wa kijiji kuridhia. Sisi tulisema mkutano huo haukufanyika. Wao walisema ulifanyika na muhtasari upo. Miaka ikapita bila yeyote kuuona.

Baba mdogo hakukimbilia mahakamani. Alianza kwa mwenyekiti, akaenda kwa mtendaji, akapelekwa baraza la kata, akaandika barua kwa mkuu wa wilaya, akajibiwa kwa upole, akasubiri. Miti ikarefuka. Wanaosema wakulima wetu wanapenda kesi hawajawahi kuhesabu milango ambayo mkulima hubisha hodi kabla ya kufika kwa wakili. Alipofungua maombi yake katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Njombe, mwaka 2020, paina za mgeni zilikuwa zimempita urefu mara kadhaa, na sheria ilikuwa imebadilika miezi michache tu kabla yake.

Mabadiliko hayo ni ya Februari 2020. Yalipanua maana ya Serikali katika sheria inayohusu mashauri dhidi ya Serikali, ikazikumbatia na serikali za mitaa. Tangu hapo anayetaka kuishtaki halmashauri, iwe ya jiji au ya kijiji chenye ofisi ya chumba kimoja, sharti atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali katika shauri, na shauri lenyewe alifungue Mahakama Kuu. Nimewahi kumsikia mtu akiitetea sheria hii kwamba inalinda fedha za umma, na sina ubishi mkubwa naye. Ila yeye anaishi mjini, jirani na Mahakama Kuu. Kwetu sisi maana yake ni kwamba ugomvi na mwenyekiti anayekaa ng'ambo ya kijito unapanda basi hadi Iringa.

Hayo yote wakili wa kwanza aliyetuandikia maombi hakuyagusa. Aliyeyagusa ni wakili wa upande wa pili, kwa pingamizi la awali la kurasa mbili: notisi haikutolewa, Mwanasheria Mkuu hakuunganishwa, baraza halina mamlaka. Wakati huo tulikuwa tumekwisha kuhamia kwa wakili mwingine, kijana mpole mwenye tabia ya kusoma karatasi hadi mwisho. Alituita nje ya baraza, tukiwa tumeshika vikombe vya chai kwa mikono miwili, akamwambia baba mdogo bila kuzunguka: "Mzee wangu, pingamizi lao lina mashiko. Tukibishana nao leo tutaanguka. Naomba tuliondoe shauri wenyewe, tuombe ruhusa ya kulirudisha."

Baba mdogo hakumtazama wakili. Alinitazama mimi, na nilijua anachowaza: huyu naye wamemnunua.

Ndani, wakili wetu alisimama, akakiri kasoro, akaomba. Wa upande wa pili aliruka kama aliyekanyagwa. Alisema mwombaji anakimbia pingamizi, kwamba maombi yatupiliwe mbali kwa gharama na mlango ufungwe. Na hakuwa akisema upuuzi. Mahakama ya Rufani imekwisha kukemea mara nyingi mtindo wa mawakili kuliwahi pingamizi kwa kujirekebisha kabla halijasikilizwa. Mwenyekiti wa baraza aliwageukia wazee wake, akaandika kwa muda mrefu, kisha akasoma: maombi yameondolewa, mwombaji ameruhusiwa kufungua upya kwa kuzingatia sheria ya ukomo wa muda, na atawalipa wajibu maombi gharama zao. Sentensi moja. Baba mdogo alisikia neno "gharama", mengine yakampita.

Usiku ule, kwa taa ya sola, niliisoma sheria yenyewe kutoka kwenye nakala aliyonipa wakili. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ni ya 1966, na maneno yake mengi yametoka katika sheria ya India ya 1908 ambayo Waingereza walituletea. Amri yake ya 23 inasema mdai anaweza kuliondoa shauri lake wakati wowote. Hapo ndipo wengi huacha kusoma. Inaendelea: mahakama ikiridhika kwamba shauri litaanguka kwa kasoro ya kiutaratibu, au kwamba ipo sababu nyingine ya kutosha, inaweza kumruhusu aliondoe akiwa na uhuru wa kufungua jingine juu ya jambo lile lile. Akiondoa bila ruhusa hiyo, gharama ni zake na harudi tena. Yaani watu wawili wanaweza kutoka katika chumba kimoja, siku moja, wote wakisema "nimeondoa kesi", mmoja akiwa na shamba lake bado mezani na mwingine akiwa amelizika. Tofauti yao ni maneno machache ambayo mmoja aliyaomba na mwenzake hakuyaomba.

Jambo hili ni la kwetu zaidi kuliko watu wanavyodhani. Shemeji yangu mmoja aliyeishi Nairobi miaka mingi alinicheka kwenye simu: ruhusa ya nini? Kwa Kenya yuko sahihi. Kanuni zao za 2010 zinamwachia mdai aliondoe shauri kwa notisi tu kabla halijapangiwa siku ya kusikilizwa, na kuliondoa hivyo hakumzuii kurudi. Mama wa sheria zote mbili ni mmoja, watoto wamekua tofauti. Anayechukua ushauri wa kesi yake ya Makambako kutoka kwa ndugu wa Nakuru, kwa nia njema kabisa, anaweza kujikuta nje.

Na kuna uamuzi mwingine, jirani na huu wa kuondoa shauri, unaohusu watu wa upande wetu kabisa. Mwaka 1959 chama cha ushirika cha wakulima wa Songea, Ngoni-Matengo, kilikuwa na rufaa katika Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki dhidi ya mtu aitwaye Alimahomed Osman. Rufaa ilikuwa na kasoro za kiutaratibu. Majaji wakaeleza kwamba rufaa isiyo halali haitupiliwi mbali, kwa sababu kutupilia mbali ni kusema imesikilizwa ikashindwa, na hii haijasikilizwa. Inaondoshwa tu katika daftari la mahakama. Chama kile cha wakulima wa tumbaku kilijulikana na wanasheria wa Afrika Mashariki yote kwa sababu hiyo moja. Hadi leo wakili wa Mombasa au Mwanza anayetaka kueleza kwamba mteja wake bado hajasikilizwa hulitaja jina la Ngoni-Matengo. Nilimwambia baba mdogo habari hii nikidhani itamfariji. Akaniuliza kama wale Wangoni walilipwa.

Wiki zilizofuata zilikuwa ngumu kwake kuliko siku ya baraza. Kijiji hakina nafasi ya mtu aliye katikati. Kilabuni, penye pombe ya komoni, maelezo yalikuwa mawili: mzee ameshindwa anaona aibu kusema, au mzee ameshapewa chake akakubali kunyamaza. Yule mgeni mpanda miti, nasikia, aliwanunulia watu. Mwenyekiti wa kijiji alianza kumsalimia baba mdogo kwa uchangamfu mpya, na huo ndio uliomuuma kuliko matusi. Siku moja akachoka, akaenda kilabuni mwenyewe, akanichukua kama shahidi, akawauliza wanywaji kama wanamkumbuka Mtikila.

Nani asiyemkumbuka! Mchungaji Christopher Mtikila alikuwa mtoto wa Ludewa, ambayo sasa iko mkoa huu wetu wa Njombe uliomegwa kutoka Iringa mwaka 2012. Mwaka 1993 alifungua kesi Dodoma akidai, pamoja na mengine, haki ya mtu kugombea bila chama. Oktoba 1994 Jaji Kahwa Lugakingira alimkubalia. Serikali ikakata rufaa, na baadaye ikaiondoa yenyewe. "Serikali iliondoa rufaa," baba mdogo aliwaambia, "kuna mmoja wenu alisema Serikali imeshindwa?" Hakuna aliyejibu. Baba mdogo alijua anachofanya: Bunge lilikuwa limekwisha kupitisha mabadiliko ya Katiba yaliyoiziba njia ile ile aliyoifungua jaji. Serikali haikuihitaji tena rufaa. Ilitoka mlango mmoja kwa sababu ilikwisha kuingia kwa mwingine.

Nilimwachia ushindi wake wa kilabuni, lakini nyumbani tuliendelea kuzungumza, kwa sababu nusu ya pili ya kisa cha Mtikila ndiyo iliyotuhusu. Naye alirudi. Mwaka 2005 alifungua shauri jingine, safari hii akiyashambulia mabadiliko yenyewe ya Katiba, na Mei 2006 Mahakama Kuu ikamkubalia tena. Juni 2010 Mahakama ya Rufani ikautengua ushindi huo. Akaenda Arusha, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, na Juni 2013 majaji wa pale wakasema Tanzania imevunja haki yake. Mgombea binafsi bado hajaonekana kwenye karatasi ya kura, na Mtikila mwenyewe alifariki kwa ajali ya gari mkoani Pwani Oktoba 2015. Kwa hiyo sikumpa baba mdogo kisa hiki kama kisa cha ushindi. Nilimwonyesha jambo moja tu: mtu yule hakurudi na karatasi za 1993. Alirudi na shauri lenye sura mpya, kwa sababu jambo lenyewe lilikuwa limebadilika sura.

Sisi tulikuwa na tatizo ambalo Mtikila hakuwa nalo, na ndilo lililomkosesha wakili wetu usingizi. Kanuni ya pili ya Amri ile ya 23 ni fupi na haina huruma: anayerudi kwa ruhusa hubanwa na ukomo wa muda kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Kudai ardhi mwisho wake ni miaka 12. Shamba lilichukuliwa Januari 2010. Tulikuwa Julai 2021, na mbele yetu kulikuwa na notisi ya siku 90 ambayo haiharakishwi na mtu. Ipo katika Sheria ya Ukomo wa Muda njia ya kuomba muda uliotumika kwa nia njema katika mahakama isiyo na mamlaka usihesabiwe, lakini wakili alisema njia hiyo ni ya mtu aliyekwisha kuchelewa, na sisi hatujachelewa bado, basi tusijitafutie ubishi.

Ndipo nilipoelewa kwa nini mawakili wa kesi za uchaguzi huogopa sana kuondoa. Kwa sheria iliyotumika katika chaguzi za 2015 na 2020, anayepinga matokeo ya ubunge alikuwa na siku 30 tangu yatangazwe. Mtu aliyefungua siku ya 28, akagundua kasoro mwezi wa pili, anaweza kupewa ruhusa nzuri kuliko zote ya kurudi, imeandikwa na kugongwa muhuri, na isimfikishe popote. Ruhusa humfungulia mlango wa shauri. Saa ya ukomo haisimami. Aliyeshindwa uchaguzi hasemi hivyo jukwaani, husema "tumeondoa kwa muda, tunarudi", na wafuasi hupiga makofi.

Mwenye shamba ana nafuu ya miaka, lakini nafuu hiyo baba mdogo alikuwa ameitumia karibu yote kubisha hodi ofisini. Tukafuatilia nakala ya amri. Wakili aliisoma pale pale dirishani, mstari kwa mstari, kuhakikisha ule uhuru wa kufungua upya umo, kabla hajakubali kuisainia. Agosti notisi ikaenda kwa halmashauri ya kijiji, nakala kwa Mwanasheria Mkuu. Mtendaji aliipokea, akagonga muhuri, akaniuliza kwa mshangao wa kweli: "Kumbe hamjamaliza?"

Siku 90 zile zilifanya kazi ambayo sikuitarajia. Kabla yake, halmashauri ilikuwa na wakili wa mpanda miti akiwasemea wote kama kundi moja. Notisi ilipofika kwa wanasheria wa Serikali, maswali yalianza kushuka kutoka juu kuja kijijini: leteni muhtasari wa mkutano mkuu. Muhtasari ukatafutwa. Ulipopatikana ulikuwa wa mkutano wa halmashauri, wala si wa mkutano mkuu, na bonde letu halikutajwa kwa jina. Sheria niliyoinung'unikia barazani ndiyo iliyowalazimisha watu wa kijiji kufungua kabati. Sijabadili maoni yangu kuhusu nauli ya Iringa, lakini hili nalo lazima lisemwe.

Novemba shauri likafunguliwa Mahakama Kuu, Iringa, ukomo ukiwa bado unapumua. Upande wa pili walijaribu kusema kwamba jambo hili lilikwisha kuondolewa Njombe na hatuna haki ya kurudi. Wakili wetu alisimama na karatasi ile moja, akaisoma ile sentensi, akakaa. Hoja haikuzungumzwa tena.

Kisha likaja jambo ambalo ndilo hasa limenifanya niandike. Mahakama Kuu kesi za madai hupitia usuluhishi kwanza, na kabla ya kikao, mpanda miti akamtuma mzee mmoja anayeheshimika kwetu. Maneno yake yalikuwa mazuri. Tumechoka wote. Sisi ni majirani. Ondoeni hilo shauri Iringa, tuje tukae nyumbani mbele ya wazee, tutagawana kwa amani, mahakama ya nini. Miaka mitano nyuma baba mdogo angelia kwa furaha. Ndicho alichokuwa akikitafuta tangu 2010, watu wakae chini. Safari hii alimkaribisha mzee chai, akamsikiliza hadi mwisho, akamuuliza: "Mzee mwenzangu, tukiondoa, tunaondoa kwa ruhusa ya kurudi au bila ruhusa?"

Mjumbe hakujua. Baba mdogo akamweleza, polepole, kwa mpangilio, mambo ambayo mimi nilikuwa nimemsomea kwa taa ya sola na kudhani hakuyasikia. Kwamba tukiondoa kimya, ninyi mkikataa kugawana kesho, sisi hatuna pa kwenda. Kwamba tukiondoa kwa ruhusa, ukomo unafika Januari, na mazungumzo ya wazee hayajawahi kwisha kabla ya mavuno. Kwamba kama kweli mnataka amani, ipo kanuni ya tatu ya amri ile ile: wenye ugomvi wakipatana, mahakama huyaandika mapatano yao na kuyageuza kuwa amri yake, na atakayeyavunja harudi kwa wazee, anakutana na dalali wa mahakama. "Amani yenu naitaka," alisema. "Nataka iandikwe Iringa."

Sidhani kama mjumbe alipenda. Desturi yetu hutazama kwa mashaka mtu anayedai karatasi katikati ya maneno ya heshima, kana kwamba anawaita wenzake waongo. Mimi nadhani ni kinyume chake. Karatasi inawaondolea wazee mzigo wa kukumbuka kwa niaba ya watu ambao watafaidika wakisahau.

Kikao cha usuluhishi kilikuwa kifupi kuliko nilivyotegemea, kwa kuwa muhtasari uliokosekana ulikuwa umekwisha kuwalegeza. Mpanda miti avune paina zake kwa muda uliotajwa, kisha ardhi irudi kwa familia. Halmashauri itambue mpaka wa bonde kama alivyouonyesha baba mdogo, na majirani wa pande zote waushuhudie. Kila mmoja abebe gharama zake. Mawakili wakaandika, wakasomeana, wakatupatia tusaini.

Baba mdogo alivaa miwani, akasoma yote, akarudia. Akaweka kalamu chini. Akauliza visiki atang'oa nani. Mawakili wakatazamana, wakaenda kuuliza, wakarudi, na kifungu kikaongezwa kwa mkono chini ya vile vingine: mpanda miti atang'oa visiki kwa gharama zake kabla ya kukabidhi shamba. Wote wakatia saini pembeni yake, na ndipo akachukua kalamu.